Rimu Ambayo Sikuipiga

Msimu ule tulikuwa tunaamia ndege. Mpunga ulikuwa umeanza kuinamisha vichwa, na kweleakwelea walishuka makundi kwa makundi kutoka kwenye matete ya mto Ruvuma. Mama yangu alikaa juu ya ulingo wa miti akivuta kamba iliyofungwa makopo. Shamba lililopakana na letu lilikuwa la Mama Tekla. Yeye hakutumia makopo. Alisimama katikati ya mpunga na kuwatukana ndege kwa Kimakonde, akiwaita kwa majina ya wakwe zake, na mama yangu alicheka mpaka akasahau kuvuta kamba.

Sisi ni watu wa Kitangari. Kule juu korosho inakubali, mpunga haukubali, na maji ni ya kusubiri. Kwa hiyo kila mwaka familia nyingi zilikuwa zinashuka bondeni, zinavuka mto kwa mtumbwi na kulima upande wa Msumbiji, ambako watu ni ndugu zetu na lugha ni moja. Tulijenga vibanda vya msimu, kama thelathini hivi. Palikuwa na kikanisa cha miti na nyasi kwenye kilima kidogo, na nje yake, kwenye tawi la mkwaju, ilining'inia rimu ya lori.

Rimu ile ilikuwa sauti yetu sote. Ukipiga pigo moja moja, ni ibada. Ukipiga mawili mawili, kuna msiba. Ukipiga mfululizo bila kupumzika, ni hatari, kila mtu akimbilie mtoni. Jirani zetu Waislamu nao waliifuata. Mzee Issa, mwenye mtumbwi, alikuwa akisema, "Rimu haina dini."

Kazi ya kuipiga ilikuwa yangu. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili. Shule niliacha kidato cha pili, na yote ninayoyajua juu ya Maandiko nilijifundisha mwenyewe, kwa Biblia ya marehemu babu na kitabu cha ufafanuzi kisicho na jalada nilichokipata sokoni Masasi. Kila somo la Jumapili nilikuwa nalinakili kwa mkono, nikiweka alama mahali pa kuvuta pumzi. Nikikosea neno moja mbele ya watu, nililigeuza kichwani mpaka Jumapili nyingine. Nayasema haya mapema kwa sababu bila hayo kilichofuata hakieleweki.

Habari za watu wenye silaha waliokuwa wakivamia na kuua upande ule wa Msumbiji tulikuwa tumezisikia. Zilikuwa za vijiji vya mbali, kuelekea pwani. Wiki moja kabla ya siku ninayotaka kuieleza, alasiri, niliona wanaume wanne wakitokea kwenye matete na vitu virefu mabegani. Nikapiga mfululizo. Watu wakakimbia. Mwanamke mmoja alimwaga sufuria ya ugali, mzee mmoja aliteguka mguu. Wale wanne walikuwa wavuvi, na vitu virefu vilikuwa pondo za mitumbwi yao. Mmoja wao alikuwa binamu wa Mzee Issa mwenyewe, naye alikasirika kuliko wote kwa sababu na yeye alikimbia bila kujua anakimbia nini.

Baba Tekla hakuniacha siku ile wala kesho yake.

"Fabiani, hebu nieleze. Pondo ile ilikuwa na risasi ngapi?"

"Mwache," Mzee Issa alisema. "Kijana amesoma mpaka macho yamechoka."

"Nimemwacha. Nauliza tu. Nami nina pondo nyumbani, nisije nikamuua mtu."

Watoto wakaanza kuniita Pondo. Tekla, binti yao wa miaka kumi na mitatu, alipita na ndoo kichwani akasema kwa adabu zote, "Umeamkaje, kaka Pondo?" kisha akatembea haraka ili nisione anavyocheka.

Nilicheka nao. Lakini ndani nilikuwa naungua. Nilijiapiza kwamba sitaigusa tena rimu ile kwa mfululizo mpaka niwe na uhakika kamili.

Asubuhi yenyewe Baba Tekla alikuwa na homa. Alibaki kibandani, na Tekla akabaki kumpikia uji. Wenye nguvu wote walikuwa mashambani. Mimi nilikuwa kikanisani nikinakili zaburi. Sasa niandike kilichotokea bila kukipamba.

Niliwaona kupitia ukuta, mahali nyasi zilipopungua. Walikuwa saba. Walitembea kwa mstari, bila haraka.

Nilitoka, nikashika nondo ya kupigia. Nikainyanyua.

Nikafikiri: pondo.

Nikasema nitapiga wakifika kwenye kichuguu. Wakafika. Nikasema nitapiga mmoja akigeuka.

Mmoja akageuka. Nikaiona bunduki.

Muda bado ulikuwepo. Hili nataka lijulikane, maana nimelificha miaka minne. Kutoka kwenye kichuguu mpaka kibanda cha kwanza ni mwendo wa kusali Baba Yetu mara tatu bila kukimbiza maneno. Nimeisali mara nyingi baadaye, polepole, ili nipime.

Lakini walikuwa karibu na mimi kuliko na vibanda. Ningepiga, wangejua nilipo.

Nikavua shati. Nikalikunja, nikaliweka chini, nikailaza nondo juu yake ili isitoe sauti.

Nikazunguka nyuma ya kikanisa, nikalala kwenye nyasi.

Nilisikia kuku kwanza. Kisha mlango. Milango yetu ilikuwa matete yaliyosukwa, na sikujua kwamba matete yanaweza kutoa kelele kubwa namna ile. Kisha mtu akaita jina. Kisha risasi.

Waliokuwa mashambani walisikia risasi na kukimbilia mtoni. Waliookoka waliokolewa na risasi zilizoua wenzao. Siku hiyo mimi sikumwokoa mtu.

Nilifika mtoni kwa kuzunguka kupitia matete. Mzee Issa alikuwa ameushikilia mtumbwi, mama yangu yuko ndani. Mama Tekla alisimama kwenye maji yanayomfika kiunoni, uso ameuelekeza vibandani, moshi umeshaanza. Alitaka kurudi. Nilimshika mkono mmoja, Mzee Issa akamshika mwingine.

Aliniangalia. Aliona sina shati.

"Fabi, hukuwaona?"

"Niliwaona wakiwa wameshaingia, mama. Nisingewahi."

"Basi ni Mungu," alisema, akapanda.

Tulipanda kuelekea Newala kwa miguu, njia ile ya wachota maji, wazee wakipumzika kila kona. Tulikaa Newala kwa ndugu wa mama siku tisa tukingoja habari. Wanaume waliorudi ng'ambo walimzika Baba Tekla palepale, kando ya mpunga. Tekla hawakumwona. Mtu wa kijiji kingine alisema aliwaona wasichana wakiongozwa kuelekea porini, na mmoja alikuwa amevaa gauni la njano. Tekla alikuwa na gauni la njano. Wasichana wengi wana gauni la njano. Tangu hapo hakuna habari nyingine.

Kwetu mwanamke huitwa kwa jina la mtoto wake. Kwa hiyo kila anayemwita jirani yangu, dukani au bombani, analitaja jina la Tekla. Yeye anaitika.

Kwenye arobaini, Kitangari, niliombwa niseme neno kwa sababu nilikuwa msomaji na kwa sababu nilikuwepo. Niliandaa kurasa kumi na moja. Nilizungumza juu ya Ayubu. Nilisema ukimya wa Mungu haumaanishi kwamba hayupo. Nilisema mkulima akishapanda hunyamaza, na chini ya udongo kazi inaendelea. Sauti yangu ilikuwa nzuri. Watu waliitikia amina, na bibi mmoja alinishika kichwa akanibariki.

Nasikia aibu kuandika hivi: nilifurahi. Nilisimama mbele ya mjane nikamweleza maana ya kunyamaza kwa Mungu, na nikafurahi kwamba sikukosea popote.

Mama Tekla alianza kuja kwetu kila Jumapili baada ya ibada. Alikaa mkekani barazani pamoja na mama yangu, wakisuka, akaniambia nisome. Yeye husoma polepole na hachoki kuuliza.

"Soma pale Ayubu alipojibiwa."

Nikasoma. Mungu anasema kutoka kwenye upepo, anamwuliza Ayubu alikuwa wapi dunia ilipowekwa, kisha anamweleza kiboko, kisha mamba.

Mama Tekla akacheka. Ilikuwa mara ya kwanza tangu mtoni. "Fabi, habari za kiboko mimi sihitaji kuelezwa. Kiboko amekula mpunga wangu misimu mitatu. Huyu baba kauliza habari za watoto wake, anajibiwa viboko?"

"Ni kumwonyesha ukuu, mama."

"Ukuu alikuwa anaujua. Ndiyo maana aliuliza." Akavuta ukindu. "Na hao watoto aliopewa mwishoni. Wale wa kwanza walirudi?"

"Hapana. Alipewa wengine."

"Basi aliyeandika hakuwa mama."

Mama yangu alimwambia asikufuru. Mama Tekla akasema hakufuru, anasoma.

Ipo sehemu ya hadithi hiyo ambayo sikumsomea. Marafiki wa Ayubu walipofika, walikaa naye chini siku saba na hawakusema lolote, kwa kuwa waliona maumivu yake ni makubwa mno. Ubaya wao ulianza walipofungua kinywa. Niliruka hapo, nikaenda moja kwa moja kwenye hotuba zao. Nilijua kwa nini naruka.

Alipenda zaburi moja kuliko zote, ile isiyo na shukrani mwishoni, ambayo mwombaji analia mchana na usiku na neno la mwisho analobaki nalo ni giza. "Huyu hakutudanganya," alisema, na aliniomba niisome hata siku ambazo nilikuwa nimeandaa nyingine. Tulisoma pia Yesu msalabani, anavyomwuliza Mungu wake kwa nini amemwacha.

"Alijibiwa nini?"

"Pale hapana neno lililoandikwa, mama."

"Hata yeye." Alifikiri. "Mimi nataka kujua kitu kimoja tu. Aliona? Siku ile, Mungu aliona wale watu wanakuja? Kama aliona, kwa nini hakutoa hata sauti? Sauti tu, Fabi. Baba Tekla alikuwa na homa lakini hakuwa kiziwi. Angemshika mtoto mkono wakatoka."

Niliangalia kitabu. Maandishi yalikuwepo lakini sikuweza kuyasoma. Swali lilikuwa langu, neno kwa neno, na alikuwa akilipeleka mbinguni kila siku kwa sababu mimi nilimwonyesha huko.

"Siri zake hatuzijui," nilisema.

Miaka mitatu na zaidi ilipita hivyo. Aliyenivunja ni nabii Ezekieli. Kwetu masomo ya Jumapili huja kwa mpangilio, msomaji hachagui, na Jumapili moja zamu yangu iliangukia maneno ya mlinzi. Yanasema kwamba mlinzi akiona upanga unakuja asipige tarumbeta, na mtu akafa, damu ya mtu huyo itadaiwa mkononi mwa mlinzi. Nilikuwa nalijua somo hilo. Kwa miaka yote nilikuwa nikifungua Ezekieli kwa uangalifu ili nisiliguse.

Nilifikiria kusema koo linauma. Sikusema. Nililinakili, nikaweka alama za pumzi, nikasimama mbele ya watu na kulisoma bila kukosea hata silabi moja. Katekista alinipa mkono. Kwenye benchi la wanawake Mama Tekla aliitikia kwa kichwa, kama afanyavyo kila ninapomaliza vizuri.

Kesho yake nilipanda basi la Masasi bila kumwambia mtu sababu. Nilikaa kwa binamu yangu karibu na stendi, nikiosha bodaboda mchana kutwa, na kila nilipopata nafasi nilikuwa naandika barua kwa Mama Tekla. Niliandika nyingi. Moja ilikuwa na manabii watatu ndani yake. Nyingine ilieleza hofu kwa namna ambayo hata mimi niliisoma tena kwa kupenda. Kila barua ilikuwa nzuri kuliko iliyotangulia, na hiyo ndiyo iliyonishtua: nilikuwa natafuta namna ya kuungama ambayo ingemfanya anisifu.

Nilizichana. Nikarudi Kitangari na sentensi mbili.

Nilimkuta bombani. Maji yalikuwa yametoka baada ya siku nne na foleni ya ndoo ilifika barabarani. Yeye alikuwa ameshafika kwenye koki. Hapakuwa mahali pazuri, lakini nilijijua: ningengoja mahali pazuri, ningengoja mpaka nife.

"Mama Tekla, siku ile niliwaona mapema. Walipokuwa kwenye kichuguu."

Alikuwa akisuuza ndoo. Akamwaga maji ya kusuuzia, akaiweka chini ya koki. "Kichuguu kipi?"

"Kile cha chini ya kikanisa. Nondo ilikuwa mkononi. Sikupiga."

"Uliwaogopa."

"Wao niliwaogopa baadaye. Kwanza niliogopa kuchekwa tena."

Niliona inavyomfikia. "Baba Tekla ndiye aliyekucheka na mambo ya pondo."

"Ndiyo."

"Kwa hiyo mzaha wake ndio..."

"Hapana, mama. Ni mimi."

Hakunisikia, au alinisikia na haikusaidia. Hadi leo hilo ndilo linaloniuma zaidi: nilikwenda kumpa ukweli, na ndani ya ukweli ule kulikuwa na kicheko cha mume wake.

"Mama Tekla, dada, ndoo imejaa," alisema mwanamke wa nyuma. "Tuhurumie wenzako, maji yanamwagika."

Aliitoa ndoo. Aliongea kwa sauti ya chini, kama mtu anayeelekeza njia.

"Miaka minne nimemgombeza Mungu. Na wewe umekaa pembeni unanishikia kitabu."

"Ndiyo, mama."

"Mungu ningeweza kuendelea kumgombeza. Hapiti mbele ya nyumba yangu. Hana mama ninayesuka naye mkeka. Wewe nikufanyeje?"

Kwa mara ya kwanza sikutafuta jibu.

"Umetua mzigo wako, Fabi. Unajua umemtwika nani?"

Nilitaka kumnyanyulia ndoo, kama tunavyosaidiana wote pale. Nilishaushika mpini. Alisimama, mikono imeshuka, mpaka nikauachia. Mwanamke wa nyuma akaja akamtwika.

Hakumwambia mtu. Mama yangu hajui, isipokuwa kama atayasoma haya. Jumapili Mama Tekla yupo kanisani, anaimba. Barazani kwetu haji tena, anasema macho yanamsumbua kusuka. Mimi nimeomba nipumzishwe usomaji, na katekista anadhani nimepata mchumba wa dhehebu lingine.

Baba Tekla alikuwa na miaka arobaini na kitu. Angekuwa bado anasimulia habari za pondo, na ningekuwa nimeshazoea. Tekla, kama yupo, ana miaka kumi na saba. Juu ya wengine waliokufa siku ile sijaandika neno, na hiyo pia nimeihesabu kwangu. Watu huniuliza bado, maana walinizoea, kwa nini Mungu alinyamaza. Sina tena la kuwaambia. Kama Mungu aliona sijui. Najua kwamba mimi niliona.

Kila asubuhi Mama Tekla hupita mbele ya nyumba yetu. Huwa nasimama na kumwambia, "Shikamoo, Mama Tekla." Kwetu salamu hiyo haikataliwi. Hata wenye kesi mahakamani huitikiana marahaba kwanza, kisha wakaingia kugombana. Yeye hupita. Macho yake hayana hasira wala hayanikwepi, na mdomo hausogei.

Mwezi wa kwanza nilidhani atachoka. Sasa sidhani hivyo. Nimejiuliza kama niache, nimpunguzie kulisikia jina la mtoto wake kinywani mwangu, au kama kuacha kutakuwa kunyamaza mara ya pili. Sijapata uhakika, na safari hii singoji niupate. Jana nilimwamkia. Leo nimemwamkia. Hakuitika.